Kifo Kilichochekesha Athene

Hapo zamani, enzi ambazo picha za sinema zilikuwa bado hazijajifunza kusema, Athene ilikuwa na mwigizaji aitwaye Zisimos. Jukwaani alikwisha kufa mara mia mbili, kwa upanga, kwa sumu na kwa mapenzi, na kila akifa wanawake walitoa leso. Alijua, maana maiti huyo alikuwa akichungulia.

Sinema ilipoingia mjini, akaitwa aigize mfalme anayekufa. Furaha iliyoje! Ila kwao walimwambia wazi: "Hii ikishindikana, urudi ukakamue zeituni na mjomba wako." Zisimos aliona heri afe mara mia mbili nyingine.

Kamera za siku zile zilizungushwa kwa mkono, na mzungushaji alikuwa Pandelis, bahili wa kutupwa. Utepe wa filamu ulikuwa ghali, basi akazungusha polepole ili autumie kidogo. Alisahau kwamba ukizungusha polepole, watu kwenye pazia la sinema huonekana wakienda mbio.

Siku ya kuonyesha, ukumbi ulifurika. Bibi Evanthia aliketi mbele apige kinanda, kwa kuwa picha yenyewe ilikuwa bubu. Alitoka moja kwa moja kwenye arusi ya mpwa wake, na badala ya karatasi za muziki wa maombolezo alibeba za ngoma ya arusi. Akapiga hizohizo.

Basi mfalme akaingia mbio, akachomwa kisu mbio, akawabusu watoto wake sita kama kuku anayedonoa mtama, akafa, na mguu wake ukatikisika sambamba na ngoma. Watu walicheka hadi wakaanguka kutoka vitini. Zisimos alijibanza nyuma ya nguzo akilia kwa aibu.

Mwenye ukumbi, Bwana Thrasivulos, akasimama. "Nina mkataba mmoja wa picha kumi," akasema. "Ni wa yule aliyewachekesha watu hawa. Nani?"

Aibu ya Zisimos ikapona papo hapo. "Mimi! Sura yangu, kifo changu!"

"Kifo chako, mbio zangu," akasema Pandelis. "Ningezungusha sawasawa, wangesinzia."

"Hebu nipisheni," akasema Evanthia. "Treni nayo inakwenda mbio, nani anaicheka? Mguu ule ulicheza ngoma yangu."

Thrasivulos akawajaribu. Picha ikaonyeshwa bila kinanda, watu wakatabasamu tu. Kifo kikapigwa picha upya kwa mwendo wa kawaida, ngoma ikapigwa, watu wakapiga miayo. Kisha mchekeshaji mmoja akavikwa taji, mbio zikawepo, ngoma ikawepo, lakini yeye alikonyeza macho kila mara. Hakucheka mtu.

"Mmeona?" Zisimos akaruka. "Mimi nilikufa kwa dhati!"

"Ulitaka walie, wakacheka," akasema Pandelis. "Umekosea kutushinda sote. Mimi angalau nilitaka kubana utepe, na niliubana."

"Na mimi nilitaka kupiga kinanda, nikapiga," akasema Evanthia.

Zisimos alitaka kucheka, alitaka kulia, na puani alisikia harufu ya zeituni za mjomba.

Haya, nyinyi mliokaa hapa mkamcheka maskini wa watu: kalamu imekwisha chovywa wino, na nafasi ya jina kwenye mkataba ni moja tu. Je, mngeandika jina la nani?