Maji Yanayosubiri Neno

Paukwa!

Pakawa!

Wenzangu wa mlimani, nisaidieni fumbo lililonishinda tangu nianze kusimulia. Maji yaliyomsubiri mtu mmoja na maji yaliyowasubiri watu wote, yapi yalichelewa zaidi? Nimewauliza wengi. Kila mmoja hujibu haraka, kisha hulibadili jibu lake.

Basi hapo kale, kale ya babu wa babu, palikuwa na kijiji kilichoishi kwa ndiva, yaani bwawa la udongo la kukusanyia maji ya kijito. Chini yake palikuwa na kizibo cha gogo, nacho kilikuwa na mlinzi. Kikichomolewa, maji hushuka mashambani. Mwiko ulikuwa mmoja: hakuna kugusa kizibo bila neno.

Neno lilikuwa la mtawala peke yake. Akisema "Fungua," hufunguliwa. Watu walilima, wakala, wakashiba. Mwaka mmoja mvua ikapiga, mtawala yu kitandani, homa imemfunga kinywa. Watu wakasimama ukingoni wakisubiri neno. Neno halikuja. Ukingo ukapasuka, vuuu! Maji yakamzoa mume wa Nakiete, mama kijana wa pale kijijini.

Mtawala alipokufa, wakakubaliana: neno liwe la wote, na kizibo kisiguswe mpaka wote waafikiane.

Miaka ikapita. Nakiete akawa bibi anayesikilizwa. Ndipo mvua kubwa ikarudi. Chururu, chururu, ukingo ukaanza kuvuja. Chini ya ndiva, binti wa Nakiete alikuwa nyumbani kwa mumewe katika uchungu wa kuzaa. Habebeki.

Watu wakakusanyika ukingoni, wakaanza kusema. Aliyesema akasema tena. Chururu, chururu. Nakiete akaketi, akainuka. Akautazama ukingo, akalitazama paa la binti yake.

Senzia, mwana wa yule mtawala, akapaza sauti: "Nirudishieni fimbo ya utawala ya baba, niseme neno moja, yaishe!"

Hakuwa kijana mbaya. Hata moyo wa Nakiete ulimwambia: mpe, mpe upesi.

"Mwanangu," akasema, "na siku ukikosea, nani atakuambia?"

"Na hawa wakichelewa, Bibi, nani atamzika binti yako?"

Nakiete akaingia katikati ya watu. Chururu, chururu.

Kisha akauliza: "Nani anakataa tufungue?"

Wote wakamgeukia Kiangi. Shamba lake la maharage lilikuwa mdomoni mwa mfereji. Maji mengi vile yangelizoa lote.

"Kiangi, shamba lenyewe magugu yamekushinda!" mmoja akamtania. Watu wakacheka.

"Magugu ni yangu," Kiangi akajibu, "lakini wanangu wanakula humo humo."

Nakiete akamsogelea. "Tangu asubuhi tunakusema, baba. Hatujakuuliza. Unataka nini?"

Kiangi akasema, "Kila nyumba inipe kikapu cha mavuno yake. Na mniapie sasa, kabla maji hayajashuka. Yakishashuka mtasahau."

Wakaapa. Hata Senzia akaapa.

"Na jingine," akasema Nakiete. "Hatari ikija tena, mlinzi wa kizibo afungue kwanza, kisha aje atujibu sote. Akiwa amekosea, tumwondoe."

"Tumwondoe!" wakaitikia.

Wenzangu, mmoja huamua upesi, lakini ni mzito wa kuambiwa. Wengi huchelewa, ila kwao anayeumia ana pa kusemea, mradi wakumbuke kumuuliza.

Hayo ndiyo yaliyoamuliwa. Na nani alishuka kuchomoa kizibo? Si mlinzi, wala si Senzia. Alishuka Kiangi mwenyewe, matope kiunoni. Akavuta. Po! Vuuu! Maji yakapita juu ya maharage yake, naye amesimama anayatazama. Nyumba ya chini ikabaki imesimama, na ndani yake mtoto akalia.

Hadithi yangu naitua hapo.