Mtoto Aliyetaka Kufa Kama Kitabuni

Hapo zamani, herufi za kupigia chapa zilipokuwa za madini ya risasi na kila neno likipangwa kwa vidole, Bibi Adela Prowse aliishi katika misheni moja ya pwani, akiwaandikia watoto vijitabu vya dini. Hakuwa na mume wala mtoto. Watoto wake walikuwa wa kwenye karatasi, na kila mmoja alikufa ukurasa wa mwisho, akitabasamu, malaika wakimpokea kwa nyimbo. Ndivyo vitabu vya namna ile vilivyoandikwa kwao ng'ambo, na Bibi hakujua namna nyingine.

Basi Mbeyu, yatima wa misheni, akashikwa na homa. Mwalimu Persis akamsomea kijitabu kipya cha Bibi kwa sauti yake tamu. Homa ikapungua, lakini Mbeyu akakataa uji.

"Nami nataka kwenda kule kwenye nyimbo," alisema, macho yakiwa darini.

Bibi aliposikia, moyo ukampasuka. Akaketi kuandika mwisho mwingine. Lakini kila alipomwandika mtoto apone, mstari wa tatu mtoto akamfia.

Mchana mmoja Persis alisinzia kando ya kitanda, akaota malaika mlangoni, wamekunja mbawa. "Nyimbo zenyewe hatujamaliza kutunga," walimwambia mtoto. "Kunywa uji kwanza, utusaidie." Persis akamsimulia Bibi, na Bibi akaandika huku analia.

Mbeyu akasomewa maneno hayo, akasikiliza, akageukia ukuta. "Hayo mmeyatunga leo. Kitabu hakisemi hivyo."

Ndipo Nehemia, mpiga chapa wa misheni, akapanga herufi, akayapiga chapa maneno mapya ya Bibi katika ukurasa mmoja, akaung'oa kitabuni ule wa zamani na kuushonea mpya mahali pake. Mbeyu akapitisha kidole juu ya wino mbichi. Akaomba uji.

Siku ya ubatizo ikafika. Desturi ya misheni ilikuwa yatima ashikwe mkono na mtu mmoja tu, na huyo ndiye mzazi wake tangu hapo.

"Mimi ndiye niliyeota," alisema Persis. "Bila ndoto angekuwa kaburini."

"Ndoto yako aliikataa, Mwalimu," alisema Nehemia. "Aliamini chapa yangu."

Bibi alitaka kusema kwamba maneno ni yake. Akakumbuka kuwa hata yale ya kwanza, yaliyomtamanisha mtoto kufa, yalikuwa yake, Persis akayasoma, Nehemia akayapiga chapa. Lakini alimtaka sana mtoto huyu, wa kwanza kuvuka ukurasa wa mwisho akiwa hai. Akaunyoosha mkono wake kando ya mikono yao.

Mbeyu amesimama mbele ya maji, na mikono mitatu inamngoja. Nanyi mnaonisikiliza, niambieni: aushike upi?