Jina la Jiwe la Buluu

Kaeni vizuri, na mwenye jibu la haraka alimeze kwanza.

Katika kilima cha Ngolwa walikuwako watu watatu wenye vipaji. Mwabili aliupapasa mwamba kwa kiganja, akajua vito vimelala upande gani. Mwachofi alipenya mashimo ambamo hata paka angesita. Mkamburi, mkata vito, alikuwa na subira kuliko mawe yenyewe. Na Mghoi je? Yeye alikuwa mama yake Mwabili, na hakuwa na mtoto mwingine.

Mwabili alichimba pale wenzake walipokata tamaa, akalifikia jiwe la buluu, refu kama kidole. Kabla hajatoka, shimo likaporomoka.

Mwachofi aliteremka vumbi likiwa bado halijatulia, wenye akili zao wakiwa wamesimama mbali. Akamtoa Mwabili, maiti, jiwe likiwa mkononi mwake.

Mkamburi alilichukua jiwe hilo baada ya wanunuzi kulidharau. Akalikwaruza kwa kisu kwa urefu, likachorika. Akalikwaruza kwa upana, kisu kikateleza. Wengine walijaribu upande mmoja tu, wakabaki kubishana kama ni laini au ni gumu. Yeye ndiye aliyetambua kwamba ni jiwe jipya.

Muda wote huo Mghoi alipika, akafagia, akaitikia pole za watu. Hakulia. Ganzi ilikuwa imempanda mpaka kooni.

Kisha akaja karani wa madini. Jiwe jipya lazima liandikwe jina moja, na likishaandikwa halibadilishwi.

"Liitwe Ngolwa," alisema Mwachofi. "Likitoka hapa bila jina la kilima, kesho tutaambiwa lilichimbwa kwingine."

"Liitwe Nguvumbili," alisema Mkamburi. "Jina lifundishe. Asiyejua tabia yake atalivunja akilikata, na Mwabili atakuwa amekufa bure."

Wakamgeukia Mghoi. Kwao jina la mtu hurithiwa na mjukuu, na Mwabili hakuacha mtoto.

"Liitwe Mwabili," akasema, kwa sauti ya mtu anayeagiza chumvi dukani. "Sina pengine pa kuliweka jina hilo."

"Mama," Mwachofi akasema, "hatushindani nawe. Sema neno moja tu, tutakubali. Lakini na sisi umetusikia."

Alikuwa amewasikia, na hakuona kosa lao. Akaitafuta hasira ndani yake, hakuipata. Akayatafuta machozi. Akamwomba Mungu hata uchungu uje umwamulie, lakini haukuja.

"Mimi sihisi kitu," akasema. "Niamulieni nyinyi mnaohisi."

Karani bado ameshika kalamu. Basi wewe uliyeketi hapo, ambaye moyo wako haujafa ganzi, mwamulie mama huyu: jiwe hilo ungelipa jina gani?