Sinema Bubu ya Sufiani

Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa. Wapo wanaodhani methali hiyo inamsifu mtu asiyetoka kijijini. La hasha! Anayetunzwa ni yule achezaye ngoma ambayo watu wake wanaijua. Sufiani wa Mlali aliligundua hilo akiwa ukingoni mwa kupoteza kila kitu.

Sufiani alikuwa na kigugumizi tangu utotoni. Lakini Mungu hamnyimi mja wake vyote: viungo vyake vilisema. Msibani, wajukuu walipoanza utani wao, yeye ndiye aliyesimama akamwiga marehemu alivyotembea, alivyonusa tumbaku, alivyogombana na mbuzi wake. Wafiwa walicheka huku machozi yakiwatoka. Alipopata simu yenye kamera, akaanza kutengeneza filamu fupi za kuchekesha zisizo na neno hata moja. Aliigiza mwenyewe, akaongoza mwenyewe, akaunga picha mwenyewe. Miaka ikapita, na jina lake likafika Bigwa tu, si mbali na kwao, basi.

Mjomba wake Salum, muuza vitunguu wa Dumila aliyemlea, uzalendo ulimshinda.

"Mpwa wangu, mwanamume mzima unaangukaanguka mbele ya simu mpaka lini? Hiyo filamu yako mpya nitakuja kuitazama. Watu wasipocheka, tunaondoka wote kwenda Dumila ukapange magunia. Umenisikia?"

"Ni-ni-nimesikia, mjomba."

Na kwa Waluguru, neno la mjomba halipindwi.

Hofu ikamwingia Sufiani. Akaenda mjini kuazima projekta kwa Ketan, mwenye duka la redio, mtu aliyempenda kwa dhati.

"Filamu bubu zama hizi, Sufi?" Ketan akashangaa. "Weka maneno, bwana! Watu wanataka vichekesho vya Dar."

Sufiani akatii. Akamtafuta kijana wa mjini mwenye maneno ya mtaani, akaijaza filamu nzima sauti yake.

Siku ikawadia. Baada ya magharibi shuka jeupe likatundikwa ukutani ndani ya ghala la kijiji, watu wakajaa. Picha ikaanza: Sufiani kajifunga kanga, anashuka mlima na mkungu wa ndizi kichwani, huku kinywa chake kikitoa sauti ya kijana wa mjini: "Oyaa mwanangu, leo nimevurugwa!"

Watu wakatazamana. "Kwani Sufi kameza redio?" mama mmoja akauliza. Wengine wakaanza kukunja mikeka. Mjomba Salum akakohoa, akainuka nusu.

 Sufiani akayaona magunia ya vitunguu waziwazi. Akaenda kwenye spika, akachomoa waya.

Kimya. Sasa ulibaki mwili tu: nyonga moja juu, mkono ukipunga inzi, dole gumba la mguu likitafuta jiwe la kukanyaga, na kila mara shingo ikigeuka nyuma kuutukana mlima.

"Weee! Huyo si Bibi Pili?"

"Ndiye hasa! Mwone anavyougombeza mlima!"

Ghala zima likaangua kicheko. Mikeka ikakunjuliwa, na maneno wakayatia wenyewe: "Mlima gani wewe, huna adabu!"

Mara Bibi Pili mwenyewe, bibi yake Sufiani, akasimama pale mbele. Vicheko vikakatika. Sufiani akajua ameyakoroga, maana kimila anayeigwa ni marehemu, na bibi yake yu hai, tena mbele ya kadamnasi! Bibi akamwendea kwa mwendo uleule wa kwenye shuka.

"Mjukuu mshenzi wewe! Hukungoja hata nife?" Akaivua kanga ya mabegani, akamvisha shingoni. "Basi mimi nimejiona ningali hai. Ninyi wengine atawaiga mkiwa kaburini, shauri yenu!"

Vigelegele vikapaa. Kina mama wakamfuata, kanga juu ya kanga. Mjomba Salum alikuwa akijifuta machozi ya kicheko.

"Magunia watapanga wengine," akasema. "Wewe baki na hiyo kazi yako."

Sufiani akataka kushukuru, neno likamkwama kooni. Hakuna aliyelingoja, kwani kanga zilikwisha kumfunika mpaka puani. Hakika, mcheza kwao hutunzwa.