Mtunzi Asiyetazama Filamu Zake

Ambakisye alikuwa akimenya chungwa simu ilipolia. Ilikuwa miezi minne tangu amzike mkewe, Tusekile.

Kwa miaka kumi na tisa alikuwa ametunga muziki wa filamu nyumbani kwake Tukuyu, bila kuajiriwa na studio yoyote. Waongozaji walimsifu kwa jambo moja: alijua mahali pa kunyamaza. Mwenyewe hakuwahi kutazama filamu iliyokamilika; aliamini mtunzi akijisikiliza ataanza kujiiga. Alipiga kinanda, akarekodi, kisha mambo ya kutuma akamwachia mkewe.

Sasa, kwa mara ya kwanza, alikuwa ametuma mwenyewe muziki wa filamu mpya. Aliyepiga simu alikuwa mwongozaji wa filamu hiyo, Rukia, aliyekuwa amefanya naye kazi mara sita.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Umeusikia?"

"Nimeusikia. Mbona umejaza mwanzo mpaka mwisho? Yule mama wa kwenye filamu anashika barua ya mwanawe, na kabla hajaifungua kinanda kimeshamsomea. Nikiiacha hivi, mzee, watazamaji wataikataa. Itabidi nitafute mtu mwingine."

"Lakini ndivyo ninavyotunga siku zote."

"Kwani mama Tusekile hakukuambia?"

"Aniambie nini?"

"Kwenye zile sehemu za kimya, muziki alikuwa anaukata yeye. Alikuwa akinipigia, 'Mwanangu, hapa nimempunguza baba yako. Huwa anaongea sana kwa vidole.' Sisi tulidhani mmekubaliana."

Ambakisye aliketi. Ukutani zilining'inia tuzo mbili, zote zenye jina lake peke yake.

Alasiri ile, kwa mara ya kwanza, alitazama mojawapo ya filamu za zamani alizozitungia muziki. Baba mmoja alikuwa akiosha kikombe cha mtoto aliyefariki. Pale yeye alikuwa ameweka kinanda, dakika mbili nzima. Sasa yalisikika maji tu, yakimiminika kwenye karai. Hakuna kingine kilichohitajika. Aliirudia sehemu ile mara tatu, na kila mara alimsikia mkewe.

Kesho yake asubuhi alipunguza muziki wa filamu mpya, ule wa sehemu ya mama na barua akaufuta wote, akamtumia Rukia upya. Chini aliandika mstari mmoja: "Mtunzi asiandikwe mimi peke yangu. Andika Ambakisye na Tusekile."

Funzo: Ukisifiwa kwa kazi yako, uliza ni mkono gani mwingine ulioigusa, na umshukuru mwenye mkono huo angali anasikia. Mpelekee ujumbe huu anayeishi na mtu anayemsaidia hivyo kimyakimya.