Uji Ambao Fisi Hakuuonja

Hapo zamani za kale, wajukuu zangu, wanyama walipokuwa wakijenga nyumba na kupiga hodi kama sisi, palikuwa na bonde lenye mto wa msimu. Mvua zikikoma, mto unakauka, unabaki mchanga mtupu. Lakini bonde lile halikujua njaa, na sababu ni Ndovu.

Kila kiangazi Ndovu alishuka mtoni akachimba kisima kwa miguu na kwa pembe, kubu, kubu, kubu, mpaka maji yachuruzike. Nyati akalima kandokando, mtama ukasimama, na wasafiri wa mbali wakaja na chumvi yao kununua nafaka. Hawakuwa na jina kubwa la kuiita hali ile. Walikuwa wakishiba, basi.

Jirani wa Ndovu alikuwa Sange. Mnamjua sange? Kamnyama kadogo kama panya, miguu myembamba, mbio kama mshale, na pua ndefu inayochezacheza. Kwa sababu ya pua hiyo alimwita Ndovu mjomba.

"Mjomba, sisi ukoo mmoja," humwambia. "Ila wewe ulikula kuliko mimi."

"Na wewe ukasema kuliko mimi," Ndovu hujibu, akacheka mpaka majani yakapukutika.

Mwaka mmoja akaja Fisi. Akakaa kwenye pango la kilimani, na mzigo wake ulikuwa vibuyu vidogo vya unga mweupe. Si wa kupika huo. Wa kunusa. Akamkuta Ndovu ndiyo kwanza ametoka kuchimba, mgongo unamuuma.

"Pole na kazi, mkubwa wangu. Nusa kidogo hapa. Bure tu, sisi majirani."

Ndovu akanusa. Na pua ile, wajukuu zangu, haijui kidogo. Fyooo. Maumivu yakaisha, akalala akaota anaruka juu ya miti kama ndege. Kesho yake akataka tena, lakini bure ilikuwa imekwisha.

Nyati naye akafuata. Akatoa magunia ya mtama, akatoa mbegu, mwisho akatoa jembe lenyewe. Kila kitu kilipanda kilimani kwa Fisi, na hakuna kilichoteremka ila vibuyu. Mashamba yakaota magugu. Wale wasafiri wa chumvi wakafika sokoni, wakakuta wenyeji wanasinzia na mizigo inaibwa mchana kweupe. Wakageuza njia, hawakurudi tena.

Sange akaenda kushitaki kwa mfalme Simba. Akamkuta amekalia zulia jipya, jekundu, laini. Zawadi ya Fisi.

"Nchi inakwenda mbele, Sange," Simba akasema, akilipapasa zulia kwa ukucha. "Umewahi kuona kitu kama hiki hapa kwetu?"

"Sijawahi, mfalme. Ila nilikuwa nikiona mtama."

"Nenda zako na pua yako."

Kiangazi kikaingia. Mto ukakauka, na watoto wa Sange wakawa wanalamba umande kwenye majani. Sange akaenda kwa mjomba wake. Alimkuta amelala ubavu, mkonga umejinyosha vumbini kama kamba iliyosahauliwa.

"Mjomba, amka. Watoto wana kiu."

"Kesho."

"Jana nayo ulisema kesho."

Ndovu hakumtazama. "Kisima nimekwisha kumpa Fisi. Ijumaa anakabidhiwa mbele ya Simba, kisima na mto wote. Yeye atanipa unga mpaka nife."

"Na sisi tutakunywa nini?"

"Mtamwuliza yeye." Kisha chozi likamtoka, likachora njia kwenye vumbi la shavu. "Nimejaribu kuinuka, Sange. Miguu hainisikii."

Sange hakumtukana. Alimpangusa chozi kwa mkia, akatoka mbio. Hakwenda nyumbani. Alipanda kilimani.

Pangoni mlikuwa mmejaa majembe, vyungu vya maji, magunia, mali ya bonde zima. Mlangoni amekaa Fisi, macho makavu, analinda. Sange akamtazama vizuri. Vibuyu vimemzunguka kila upande, lakini pua ya Fisi ni safi, haina hata chembe nyeupe. Hapo ndipo akili ilipomjia.

"Shikamoo, mzee wangu."

"Marahaba. Umekuja kununua?"

"Nimekuja kukupongeza. Ila huko chini wananong'ona. Eti kisima cha wenyeji atapewaje mgeni?"

Masikio ya Fisi yakasimama. "Nani kasema?"

"Midomo haina mwenyewe, mzee. Lakini dawa yake ndogo. Siku ya Ijumaa wanyweshe uji kwa mkono wako, kama mwenyeji. Uape kufuata desturi zetu, basi. Nani atakuita mgeni tena?"

"Mimi sijui kupika uji."

"Nitapika mimi, wewe toa maji. Ujira wangu kibuyu kimoja tu. Siku hizi na mimi usingizi siupati."

Fisi akacheka, hii hii hii. "Chukua, chukua. Nilijua tu, pua kama hiyo isingekaa bure."

Ijumaa ikafika. Uwanja wa Simba ukajaa, na katikati chungu cha uji kinafuka moshi. Simba yuko juu ya zulia lake. Nyati amesimama lakini anasinzia. Ndovu aliletwa kwa kusukumwa, akaanguka chini kama gunia, puu.

Fisi amevaa joho. Akakohoa, akasema, "Ndugu zangu, kuanzia leo mimi si mgeni. Naapa mbele ya mfalme, desturi za nchi hii ni zangu, ndogo na kubwa."

Sange akamsogelea, akamnong'oneza sikioni. "Mzee, kile kibuyu sikukinusa. Nimekimwaga chote humo chunguni. Leo wakinywa, kesho wote wako mlangoni kwako."

Fisi akamtazama kwa mapenzi. "Wewe, ulikuwa wapi siku zote?"

Akachota kata ikajaa, akamnyoshea Simba. "Karibu, mfalme wangu."

"Onja kwanza, mwenyeji," Sange akasema, safari hii kwa sauti ya kusikiwa na wote. "Toa hofu."

Maana nchi ile desturi ilikuwa hiyo, na sisi tuliikuta kwa wazee wetu: anayekunywesha huonja kwanza mbele yako, ujue hakukutilia kitu.

Simba akarudisha mkono. "Kweli. Onja."

Fisi akarudi nyuma hatua moja. "Mfalme, mimi nimekwisha kula."

"Hukuambiwa ule. Umeambiwa uonje."

"Uji bado wa moto."

"Tutangoja," akasema Nyati, jicho moja limefunguka.

"Jino linaniuma."

"Uji hauna mfupa, mzee," Sange akasema, na kicheko kikapita uwanjani. Tangu lini Fisi akakataa cha kutia mdomoni?

Simba akasimama. "Umeapa sasa hivi, mate hayajakauka. Onja, au kisima huna."

Fisi akamtazama Ndovu pale chini. Akaitazama kata. Mara akaitupa, pwaa, uji ukamwagikia zulia.

"Sinywi mimi! Mnataka nilale kama huyu? Aliyeuonja huu haamki tena. Mali yangu atailinda nani?"

Ndovu akainua kichwa, polepole.

"Kumbe ulijua," akasema. "Siku ile mgongo unaniuma, unaniambia nusa kidogo. Ulijua."

Sange akaiokota kata, akachota uji, akaunywa wote, akajilamba pua.

"Mtama mtupu," akasema. "Ndio wa mwisho ghalani kwangu. Ule unga wako, mzee, niliumwaga chooni jana."

Nyati ndiye aliyeanza kumfukuza. Fisi akatimka, tyu, mkia katikati ya miguu, joho likabaki limenasa kwenye mwiba. Hakutazama nyuma mpaka alipovuka mpaka.

Simba akabaki anaangalia uji unavyoingia katika zulia lake. Kisha akalikunja mwenyewe, akalitupa nje. "Mimi nililala kuliko Ndovu," akasema, "na sikunusa chochote."

Majembe yakateremka kutoka kilimani, kila mtu na lake. Lakini msidhani mambo yalikwisha siku hiyo. Ndovu alitetemeka, akatapika, akamlilia Sange ampe kidogo, kidogo tu. Sange hakumpa, na hakumwacha. Alikaa juu ya sikio lake kule mtoni, juani, mdogo kama kokwa, akimwambia, "Mjomba, piga moja tena." Kubu. Anapumzika. "Moja tena, mjomba wangu." Kubu. Mimi huyu Sange namvulia kilemba. Kumshinda Fisi ni kazi ya asubuhi moja, ila kukaa na mgonjwa wako mpaka asimame, hiyo inataka moyo.

Hata siku moja mchanga ukalowa. Maji yakaja, meusi, kisha meupe. Watoto wa Sange wakateremka mbio na kata yao. Ndovu akawazuia kwa mkonga, akachota, akaonja yeye kwanza mbele yao, ndipo akawapa.

Basi, wajukuu zangu, muuzaji asiyethubutu kuonja alichokiuza, msimfungulie mlango.

Hadithi yangu ndiyo hiyo nimewatilia katani, na mimi nimekwisha kuionja.