Mama wa Kwenye Kioo

Hebu nijibu, wewe unayesikiliza: kufuta nako ni kazi?

Walikuwepo vijana watatu wa Wundanyi, wote wana-tarmac, wakisaka kazi mwaka wa nne, degree zao zafaa kufungia maandazi. Mghoi alikuwa na vidole: akipaka rangi ya mafuta kwenye kioo, uso unapumua. Righa alikuwa na jicho: tofauti ya unywele mmoja kati ya picha mbili haimpiti. Samba alikuwa na mkono mwepesi: anafuta nyusi, kope zinabaki.

Wakaanza filamu ya katuni, dakika tatu, ya mama anayejichora mwenyewe. Mghoi anachora, Righa anapiga picha, Samba anafuta kidogo ili Mghoi achore mwendo unaofuata. Kioo ni kilekile. Wasomi huita experimental, sanaa ya majaribio. Mtaani waliita wazimu.

Picha ya mia nne, Righa akaduwaa.

"Mghoi, huyu mama umemgeuza shingo?"

"Sijamgusa."

"Basi anakutazama."

Ndipo Samba akaona vidole vinne vya mkono wa Mghoi wa kuchorea vimekuwa angavu, meza inaonekana upande wa pili. Mama wa kwenye kioo alikuwa navyo, hata kovu la kisu la Mghoi.

"Mfute, we bwege, unangoja barua?" Mghoi alisema.

Samba akafuta. Vikarudi kiooni. Akafuta. Vikarudi.

Righa akapitia picha zote, moja moja, jasho likidondokea kamera. "Ya tisini. Hapa ulimwacha bila mkono. Anadai wake."

Kwa kidole kimoja kilichobaki, Mghoi akamchorea mama mkono aliodai.

Samba akavifuta vile vya wizi bila kugusa ule mpya. Kila kilichotoka kiooni kilirudi kwa Mghoi, baridi kama cha maiti.

Walipoimaliza, wakaipeleka kwenye shindano; kamati ikaipa ushindi. Zawadi: ajira moja. Fomu: "Jina la msanii", mstari mmoja.

"Nimechora mimi," akasema Mghoi.

"Bila mimi ungechora kwa kiwiko," akajibu Righa.

"Na mimi je?" akauliza Samba.

"Wewe tuonyeshe ulichofanya," wakamgeukia wote wawili.

Angeonyesha nini? Kazi yake ni pale pasipo kitu. Akainamisha macho, yakaangukia kioo. Mama alikuwa ameacha kumtazama Mghoi. Alitazama fomu, akingoja jina la kuchukua, kama alivyochukua vidole. Hakuna aliyegusa kalamu tena.

Je, wewe ungemwandika nani?

Nanyi waheshimiwa wa kamati, mliochapa mstari mmoja kwa watu watatu: njooni muujaze wenyewe, kwa mkono wenu, mbele ya kioo.